Mtani Hana Kosa

Leonia mwanangu,

Mambo ya begi namwachia mama yako. Tangu asubuhi ni sweta, blanketi, sweta nyingine. Nimemwambia Tabora hakuna baridi ya Mgeta, mtoto atashuka kwenye treni kama muuza mitumba, akaniambia nikae kimya. Nimekaa kimya. Wewe umekwenda kwa shangazi yako kusukwa nywele, mvua imeshika, na mimi nimejificha chumba cha nyuma, nimekalia gunia la njegere, nakuandikia.

Ningekuambia kwa mdomo, lakini unanijua. Nikifungua mdomo, mzaha unatangulia. Nikianza jambo zito, katikati nitatia kichekesho, utacheka, na jambo litakuwa limeshapita bila kusemwa. Watu wanasema Kosmas ana kipaji. Kipaji gani? Ni ugonjwa, na umewahi kuumiza watu. Mama yako anajua. Ameniambia juzi, bila kunitazama, "Mtoto hapandi gari kabla hujamwambia. Na usinitume mimi." Basi soma hii ukiwa peke yako.

Ni habari ya Mwalimu Thadei, huyo huyo atakayekupokea kesho kutwa.

Alikuja kufundisha shule yetu kabla hujazaliwa. Mnyamwezi mmoja katikati ya Waluguru, hebu fikiria: alipata watani kijiji kizima. Siku ya kwanza tu nilimpokonya kofia, nikamwambia hiyo ni fidia ya mababu zake waliopita hapa na mizigo ya wakubwa wakala ndizi zetu bila kuuliza. Akacheka, akanivua viatu vyangu akavivaa yeye. Tukawa marafiki hivyo. Ninyi wa siku hizi mnadhani utani ni kutaniana tu kwenye simu. Kwetu mtani alikuwa na mamlaka. Anaweza kukutukana mbele ya wakwe zako, anaweza kuondoka na kuku wako, na kwenye msiba wako ndiye mwenye uwanja. Atamwigiza marehemu, alivyotembea, alivyokohoa, mpaka wafiwa wacheke huku machozi yanawatoka, na hakuna ruhusa ya kumkasirikia. Mtani hana kosa, ndivyo tunavyosema.

Mimi nilikuwa hodari wa kazi hiyo. Nilikuwa naitwa mpaka Kingolwira, kwa Wanyamwezi waliobaki kule tangu kujengwa reli, wazee wao wakifa. Nilipenda sana kuitwa.

Wakati huo nilikuwa utingo wa lori la mboga. Nilipanga matenga, nilifunga kamba, na mimi ndiye niliyeamua nani anakaa mbele na dereva. Kwa kijana wa kijijini hicho kilikuwa cheo. Siku moja tunapakia kabichi, Mwalimu akaja anakimbia, viatu mkononi, matope mpaka magotini. Mkewe, Veronika, alikuwa amejifungua nyumbani, mtoto wa kike, mzima. Lakini damu ilikuwa haikati. "Mtani," akaniambia, "gari lisitoke. Tunamteremsha kwa machela." Na mimi nikamjibu, "Kwani ninyi Wanyamwezi si ndio wapagazi? Mbebeni mpaka mjini!" Wapakiaji wakacheka. Hata yeye alitabasamu, maskini, kwa kuwa alijua huo ni utani na alijua nitamngoja. Akanishika bega. "Nakutegemea," akasema, akageuka kurudi mbio.

Sikumngoja. Nafasi ya mbele nilikuwa nimeshampa mama mmoja mfanyabiashara, mtu wa kuniletea zawadi kila safari. Na kabichi zikichelewa soko la Dar zinageuka chakula cha mbuzi. Dereva akaniuliza, "Tayari?" Ningesema tu kuna mgonjwa anateremshwa. Angesubiri, Leonia. Hakuwa mtu mbaya, na hakuwa amesikia maneno ya Mwalimu, injini ilikuwa inaunguruma. Nikasema, "Tayari, twende."

Nilijiambia wataona gari jingine. Siku ile hakukuwa na gari jingine, na mimi utingo ndiye niliyejua hilo kuliko mtu yeyote pale mlimani. Tulipofika Mikese tulisimama tukala. Nilikula vizuri. Niliwachekesha wauza mahindi mpaka wakaniongezea hindi la bure. Hilo hindi nalikumbuka hadi leo.

Waliombeba Veronika walifika barabarani wakakuta alama za matairi. Mwalimu akamwacha na akina mama pale, akakimbia kwa Mama Duka, mjane aliyekuwa na pikapu kuukuu, kumwomba. Wakawa wanaisukuma iwake, haiwaki. Veronika akafia kando ya barabara, mumewe hayupo.

Niliporudi na lori tupu nikakuta msiba. Mwalimu alikuwa amekaa mkekani amempakata yule mtoto, Suzana. Akainua macho akanitazama.  Niliona kabisa swali linakuja. Kama si yeye, mwingine ataliuliza: lori lilikuwa wapi?

Nikawahi kabla halijaulizwa. Mwanangu, hapa ndipo ninapoona aibu hata kuishika hii kalamu. Nilichukua kitenge cha marehemu, nikajifunga, nikajilaza chini kama mtu wa kwenye machela, nikaita kwa sauti ya Veronika, "Mwalimu! Mwalimu, uko wapi?" Halafu nikaruka juu, nikakatika kiuno, nikajibu kwa sauti ya Mwalimu, "Nakuja, mke wangu! Bado natafuta gari chumbani kwa Mama Duka!"

Watu waliangua kicheko. Wengine walianguka chini kabisa. Wakataka nirudie, nikarudia. Hakuna aliyeuliza habari ya lori, siku ile wala baadaye. Na Mwalimu alicheka. Alicheka akiwa na mtoto mikononi, kwa sababu desturi ilimtaka acheke. Mama yako peke yake, akiwa na mimba yako, aliinuka akatoka. Usiku wake hakunipa chakula. Aliniambia, "Umefanya vibaya leo." Nikamwambia, "Ah, utani ule." Akasema, "Haya."

Nilidhani utani unaishia makaburini. Kumbe watu walikwenda nao nyumbani. Kwanza waliusema kwa kucheka, halafu wakausema bila kucheka, halafu ukawa habari ya kweli. Mama Duka alianza kukosa wateja wanawake, akafunga duka akahamia mjini. Mwalimu alikaa muda, kila Jumapili wakati wa kupeana amani kanisani ananipa mkono, "Amani, mtani," mimi namrudishia huku natazama viatu vyake. Mwishowe aliomba uhamisho akarudi kwao na mtoto. Siku anaondoka nilimbebea mizigo, tena nikatania.

Usidhani niliacha kusali. Nilisali sana. Nilikuwa naungama pia. Niliungama pombe, matusi, kusengenya, kukosa Misa. Nilikuwa na vidhambi vyangu maalumu kwa ajili ya kitubio, kama mtu anayetoa sadaka nguo zilizochanika. Lile jambo sikulipeleka, kwa sababu nilikuwa na jibu: lori ni kazi, msibani ni utani. Nani amenilaumu? Hakuna. Na kwa kuwa hakuna aliyenilaumu, hakuna aliyeweza kunisamehe. Nilikaa hivyo miaka yote ya utoto wako. Unakumbuka nilivyokuwa nikikataa kukusindikiza kwenye misiba? Ulidhani baba ni mwoga wa maiti.

Aliyenivunja ni wewe. Hujui. Ulikuwa umekuja likizo kutoka chuo cha uuguzi, mko jikoni na mama yako mnamenya viazi, unamweleza jinsi akina mama wanavyokufa kwa kucheleweshwa. Mimi niko mlangoni najivunia, binti yangu anaongea kama daktari. Ukasema, "Kama yule mwalimu Mnyamwezi wa hapa zamani. Mke anavuja damu, yeye yuko kwa mchepuko wake. Mtu kama yule alitakiwa afungwe."

Kisu cha mama yako kilisimama. Akanitazama. Wewe ukaendelea na viazi vyako. Uliuchukua wapi uongo ule? Uliukuta kijijini, kama ulivyokuta mto na kanisa. Nilikuwa nimekulisha mwenyewe, na wewe ukaumeza kwa moyo safi, ukamchukia mtu asiye na hatia kwa niaba yangu. Niliondoka pale nikaenda nyuma ya nyumba nikalia. Mama yako alikuambia nina kikohozi.

Jumamosi nikaenda kwa paroko. Kijana mdogo, ningeweza kumzaa. Nilimweleza yote, na unajua tena mimi, nikajikuta nimeanza kuigiza kidogo, hata mle ndani ya kitubio. Nikamaliza kwa kusema, "Lakini Padre, ule ulikuwa utani."  Halafu akaniuliza, "Kama ni utani, mzee wangu, umekuja kufanya nini hapa?"

  Nikasema, "Nimekuja kwa sababu nimekosa." Nilisema hivyo tu, bila "lakini". Akanipa ondoleo. Nilitegemea ataniwekea rozari nyingi, nizisali niishie zangu. Akasema malipizi yangu ni kwenda kwa Mwalimu. "Mungu amekusamehe," akasema, "lakini yule mtu bado amebeba mzigo wako. Nenda kautue."

Ndiyo ile safari ya Tabora niliyowadanganya kwamba nakwenda kumwona rafiki mgonjwa. Hata safari ya kutubu niliianza kwa uongo, ona mambo.

Nilimkuta uwanjani kwake anatengeneza mizinga ya nyuki. Mvi tupu. Aliponiona akapiga kelele ya furaha, "Mluguru! Umekuja kuniibia asali!" Akamwita Suzana alete maji. Binti mkubwa sasa, rika lako, ana uso wa mama yake. Alinipigia magoti, "Shikamoo baba," na sikujua niitikie vipi.

Nikamwambia Mwalimu nimekuja kuomba msamaha kwa maneno ya siku ile ya msiba. Akapunga mkono. "Aa, mtani hana kosa. Yamepita, bwana. Kunywa maji." Nikasema tena. Akasema tena, mtani hana kosa. Alikuwa ananiheshimu, Leonia, na heshima yake ilikuwa inanifungia mlango. Ningeweza kunywa yale maji nikarudi zangu na kumwambia Padre nimekwenda. Nilijaribiwa sana.

Nikamwambia, "Thadei, dereva aliniuliza kama tuko tayari. Hakujua habari yenu. Mimi ndiye niliyesema twende."

Hapo akaweka chini kile alichokishika. Kumbe siku zote aliamini ni dereva aliyekataa. Halafu akaniuliza jambo ambalo sikulitegemea kabisa.

"Na ile sauti?"

"Sauti gani?"

"Ya Veronika. Akiniita."

Nikamwambia sikuwepo, nilikuwa njiani na kabichi. Ile sauti niliitunga.

"Hawakukuambia waliokuwa naye?"

"Hakuna aliyeniambia. Niliitunga pale pale."

Mama yangu! Sijawahi kuona mtu akibadilika namna ile. Akasema wale akina mama waliokuwa na mkewe hakuwahi kuwauliza, aliogopa jibu. Na aliponiona naigiza alijua nimesikia kwao, kwamba mkewe alikufa akimwita na yeye hayupo. "Miaka yote hii," akasema, "namsikia ananiita. Na ananiita kwa sauti yako." Akainuka na fimbo yake. Nilitamani anipige. Akasema, "Toka nje ya uwanja wangu."

Nikatoka. Nikakaa ng'ambo ya njia, chini ya mti wenye mizinga yake, nyuki wawili wakaniuma, na kichwa changu kikaanza kutunga kichekesho juu ya nyuki. Nikakikataza. Nilisali pale, sala isiyo na maneno mazuri. Nilimwambia Mungu, huyu asiponisamehe ana haki, ila hilo la sauti nashukuru limemtoka kichwani.

Jua lilipozama Suzana akanifuata. Macho yake mekundu, alikuwa ameshaambiwa. Akasema, "Baba anasema uje ule." Chakula kilikuwa ugali na mlenda. Mwalimu hakunitazama. Akaanza Baba Yetu, tukafuata. Ilipofika pale pa kusamehewa makosa nikaacha wapite wenyewe. Akasimamisha sala. Akasema, "Rudia," vile vile kama mwalimu darasani. Nikajaribu, nikashindwa. "Rudia, Kosmas." Nikasema mpaka mwisho, makamasi yananitoka, mzee mzima mbele ya mtoto wa watu.

Baada ya kula akaniambia, "Nimekusamehe. Sikusamehe kwa sababu wewe ni mtani wangu. Nakusamehe kwa sababu umenikosea." Nikamshika miguu, akaniinua. Kisha akasema, "Lakini utani wetu umekwisha. Usinitanie tena, na mimi sitakutania." Ndivyo ilivyo mpaka leo. Tunapigiana simu, tunaulizana mvua na afya, ananiita Kosmas. Ninaukosa ule utani kuliko unavyoweza kudhani. Nastahili kuukosa.

Niliporudi nilisimama kwenye jumuiya, nikasema yote, lori na uongo, nikamtaja Mwalimu na Mama Duka kwamba hawakuwa na hatia. Baadhi ya wazee walicheka mwanzoni, wakadhani nimeanza tena. Ilibidi niwasihi waniamini. Wewe ulikuwa chuoni kwenye mitihani, nikawaomba wasikutangulie, nitakuambia mwenyewe. Halafu nikaahirisha, nikaahirisha. Ulipopangiwa kituo cha afya Tabora ukafurahi, "Si ndiko kwa mtani wako, baba?" hujui ndiye yule uliyetaka afungwe, nikaona Mungu naye hana mchezo.

Mama Duka nilimfuata mjini mara mbili. Mara ya kwanza alinisikiliza, akasema, "Mimi Mluguru mwenzako, sina utani na wewe. Ondoka." Mara ya pili hakunifungulia mlango. Hajanisamehe, na sina ninaloweza kulazimisha. Ninamwombea, ninakwenda Komunyo, na aibu ninayo. Nilidhani ukisamehewa aibu inaondoka yote. Yangu imepungua ukali tu, na nadhani inanisaidia kufunga mdomo.

Kazi yako ni ya damu na watu waliochelewa. Siku moja utakosea, mwanangu. Utachoka, utasema neno moja badala ya jingine, na mtu ataumia. Usiku huo utatamani sana apatikane mwingine wa kunyooshewa kidole, na akili itakuletea jina lake haraka sana, maana akili yako ni ya kwangu. Basi mkumbuke baba yako amelala chini na kitenge cha maiti. Sema ni mimi, mapema, kabla watu hawajacheka.

Sijui utanionaje ukimaliza kusoma. Nimeogopa hilo kuliko nilivyomwogopa Mwalimu na fimbo yake, maana kwako ndiko nilikobaki mtu mwema. Kesho nitakubebea begi mpaka kwenye gari. Ukitaka kuninyamazia, ninyamazie; sitatia mzaha wowote, naahidi.

Mwalimu atakuwa stesheni na Suzana. Mpigie magoti. Mwombe radhi kwa lile neno la jikoni. Lilikuwa langu, ila lilipita mdomoni mwako, na atakuelewa. Halafu atakuuliza wewe ni mtoto wa nani. Anajua vizuri, lakini ni mwalimu, lazima aulize. Usimjibu kwamba wewe ni mtoto wa mtani wake. Mwambie baba yako ni Kosmas, aliyesema twende. Mtu huyo anamfahamu, na ameshamsamehe.

Nakupenda, na Mungu akutangulie.

Baba yako